Mzimu Ulioumbuliwa na Mzimu Uliorudi: Tafakuri juu ya Vitabu vya Kutisha kutoka Ndia Kuu

Utangulizi

Kitabu cha Kiswahili chenye mzimu, jini au mchawi ndani yake kina makao matatu. Makao ya kwanza ni mkononi mwa msomaji anayetaka kutishwa kidogo kabla ya kulala. Ya pili ni kwenye orodha ya mhakiki, ambako kwa kawaida huandikwa chini ya kichwa cha riwaya pendwa na kuachwa hapo. Makao ya tatu ni mapya, na ndiyo yaliyonisukuma kuandika makala hii: ni rafu ya duka la vitu vya kale. Atembeaye Ndia Kuu, mtaa wa Mji wa Kale wa Mombasa unaopita karibu na Ngome ya Yesu na kuelekea Forodhani, hupita mbele ya maduka yanayouza madele ya shaba, masanduku ya njumu, sarafu na kadi za posta za zamani. Baina ya vitu hivyo nimewahi kuona, zaidi ya mara moja, riwaya ya Kiswahili ya miaka ya 1960 au ya 1970, jalada lake likielekezwa kwa mpita njia. Kitabu hicho huuzwa kwa sababu kimechakaa vizuri. Mnunuzi hatazamiwi kukisoma, na mara nyingi hata lugha yake haijui.

Nia ya makala hii ni kuuliza kitabu cha namna hiyo ni nini hasa, na mhakiki ana haki gani juu yake. Kwa "vitabu vya kutisha" nina maana ya masimulizi yaliyopigwa chapa ambayo chambo chake ni mzimu, jini, pepo, mchawi au mumiani, na ambayo husomwa kwa ajili ya raha ya hofu. Nitadai mambo mawili. Kwanza, historia ya vitabu hivi yaweza kufuatwa kwa swali moja jepesi: je, mwishoni mwa hadithi mzimu unaumbuliwa au hauumbuliwi? Pili, swali hilo haliwezi kujibiwa na mtu anayesoma maandishi peke yake, kwa kuwa jibu limo pia katika namna watu walivyovisikiliza vitabu hivyo, walivyovitunza na walivyoviogopa.

Wataalamu wa sanaa pendwa wametusafishia njia. Johannes Fabian aliandika juu ya utamaduni pendwa wa Afrika mwaka 1978 akitumia nyimbo, mafundisho ya dini na michoro ya Shaba, naye Karin Barber akatoa utafiti wake mpana juu ya sanaa pendwa za Afrika mwaka 1987. Baada yao hakuna tena anayeweza kusema bila haya kwamba kinachopendwa na wengi hakistahili kuhakikiwa. Hata hivyo, katika idara zetu neno "pendwa" bado hutumika kama kufuli. Likishatiwa mlangoni, mhakiki huenda zake.

Mzimu mshukiwa

Mwanzo mzuri wa mjadala wetu ni Muhammad Said Abdulla wa Zanzibar. Mzimu wa Watu wa Kale, riwaya iliyoshinda mashindano ya uandishi ya East African Literature Bureau ya 1957-58 na kuchapishwa mwaka 1960, ilimleta Bwana Msa na kiko chake katika fasihi ya Kiswahili. Jina la kitabu ni ahadi ya kutisha. Maiti inapatikana mahali pa mzimu, na wakazi wa sehemu ile wana maelezo yao tayari. Lakini Bwana Msa, akiwa na Najum na Spekta Seif, hapokei maelezo ya mzimu. Anapima nyendo za watu, anasikiliza maneno yasiyopatana, na mwishowe anatuonyesha kwamba aliyeua ni binadamu. Mzimu ulikuwa mshukiwa, na umeachiwa huru.

Wahakiki wengi wamekwisha kuonyesha nasaba ya Bwana Msa na Sherlock Holmes, nami sina la kuongeza hapo, ila kukumbusha kwamba The Hound of the Baskervilles, ya mwaka 1902, nayo ni hadithi ya jinamizi linalogeuka kuwa hila ya mtu. Lililosahauliwa ni kwamba msomaji wa Mombasa hakuhitaji kwenda London kuupata muundo huo. Alikuwa nao karibu zaidi, katika kumbi za sinema kama Regal, Naaz na Majestic, zilipoonyesha filamu za Kihindi. Katika Mahal, ya mwaka 1949, mwanamke anayezungukazunguka jumba la kale kama mzuka hugunduliwa kuwa ni binti wa mtunza bustani. Bees Saal Baad, ya mwaka 1962, iliichukua ile hadithi ya mbwa wa Baskerville na kuihamishia India, na humo pia kilio cha usiku kinapatiwa mwenyewe. Kwa hiyo, kijana wa Mji wa Kale wa miaka hiyo aliyesoma kitabu mchana na kwenda sinema usiku alifundishwa somo lilelile mara mbili: nyuma ya kila mzuka pana mtu mwenye jina, na mtu mwenye jina aweza kukamatwa.

Nionavyo, somo hilo halikuzuka kwa bahati. India ilijitawala mwaka 1947. Zanzibar na Kenya zilijitawala mwezi mmoja, Desemba 1963. Filamu na riwaya nilizozitaja zimeuzunguka wakati ambao watu waliambiwa, na wengi wao waliamini, kwamba giza lote lina sababu inayoweza kuelezwa na afisa anayeweza kuitwa. Spekta Seif si hodari kama Bwana Msa, lakini bila yeye hadithi haiishi, maana mkosaji hana budi kukabidhiwa sheria. Mzimu ulioumbuliwa ni mzimu wa zama za matumaini.

Tzvetan Todorov, katika kitabu chake juu ya fasihi ya fantasia cha mwaka 1970, alisema kwamba tanzu hiyo huishi ndani ya kusitasita: msomaji hajui achukue maelezo ya kimaumbile au ya kimiujiza, na mara anapochagua, fantasia imekwisha. Kwa kipimo hiki Mzimu wa Watu wa Kale ni kitabu kinachotusitisha kurasa nyingi na kutuchagulia mwishoni. Kipimo ni kizuri, lakini kina kasoro inayotuhusu. Kinamdhania msomaji mmoja tu, yule anayeona kwamba maelezo mawili hayawezi kukaa nyumba moja.

Nilimsomea bibi yangu mzaa mama riwaya hii katika miaka ya 1970. Yeye alisoma Kurani na barua za hati za Kiarabu bila taabu, lakini hati za Kizungu hakuzijua, na hivyo vitabu vyangu vilimfikia kwa sikio. Alisikiliza mpaka mwisho na akamsifu Bwana Msa kwa akili zake. Kisha akasema: "Lakini mwanangu, huyu bwana ameutoa mzimu hatiani, hakuutoa mahali pake." Nimesoma maandiko mengi juu ya Bwana Msa tangu wakati ule, na sijaona sentensi iliyoikamata mantiki ya riwaya hii kwa usahihi zaidi. Ni kweli: mpelelezi amethibitisha kwamba mzimu haukuua. Hakuthibitisha kwamba mzimu haupo, wala hakuulizwa. Bibi hakusitasita hata mara moja. Alizipokea hoja zote za Bwana Msa na akabaki na mzimu wake, bila kuona kwamba kimoja kimekivunja kingine. Msomaji wa namna hii hayumo katika nadharia ya Todorov, lakini alikuwamo katika kila baraza ya Mji wa Kale.

Mzimu mtawala, mzimu shahidi

Mzimu ulioachwa mahali pake ulikuwa na nafasi ya kurudi. Tazama njia ya jina moja. Giningi, katika imani za Zanzibar, ni mji wa wachawi usioonekana na macho ya kawaida. Mwaka 1968 Muhammad Said Abdulla alilitia jina hilo katika riwaya yake ya pili ya Bwana Msa, Kisima cha Giningi, na hapo jina linatisha, lakini mpelelezi yupo. Mwaka 1990 Said Ahmed Mohamed alichapisha tamthilia ya Kivuli Kinaishi, na humo Giningi imekuwa nchi kamili. Bi Kirembwe anaitawala. Raia wake wanalishwa unga na kugeuzwa ndondocha, watu wanaotembea na kutumwa bila utashi wao. Hakuna inspekta atakayefika kutoka nje ya Giningi na kuwakabidhi wachawi kwa sheria, kwa sababu sheria yenyewe iko mikononi mwa wachawi. Baina ya kisima na nchi ni miaka 22, na katika miaka hiyo yale matumaini ya afisa anayeweza kuitwa yalikuwa yamepungua sana.

Mwandishi huyohuyo aliendelea na njia hiyo katika Babu Alipofufuka, riwaya ya mwaka 2001, ambamo babu aliyekufa anamwandama mjukuu aliyeshiba mamlaka na kumlazimisha kutazama asiyotaka kuyaona. Hapa mzimu umebadilika tena. Mwaka 1960 ulikuwa mshukiwa. Mwaka 1990 ulikuwa mtawala. Sasa ni shahidi, tena shahidi wa upande wa mashtaka. Msomaji hatakiwi kuuliza kama babu amefufuka kweli. Anatakiwa kuuliza kwa nini walio hai hawayasemi anayoyasema yeye.

Sinema nayo ilikwenda njia iliyo sambamba. Purana Mandir, filamu ya ndugu wa Ramsay ya mwaka 1984, haimwumbui shetani wake: ni shetani kweli. Filamu za video za Mussa Banzi wa Tanzania za miaka ya 2000, kama vile Nsyuka na Shumileta, zimewaachia majini nafasi yote wanayoitaka. Yumkini mhakiki atasema kwamba hizi ni biashara tu. Ni biashara, lakini ndiyo sababu zinafaa kutazamwa: mfanyabiashara wa hofu hana budi kujua watu wake wanaogopa nini mwaka huo.

Kitabu juu ya uvumi

Kati ya vitabu vya wasomi juu ya mambo haya, kilichonisumbua kwa faida ni Speaking with Vampires cha Luise White, kilichotoka mwaka 2000. Mada yake ni wazimamoto, mumiani na chinjachinja, yaani uvumi wa zama za ukoloni, kutoka Afrika Mashariki hadi Kongo na Rhodesia ya Kaskazini, kwamba watu fulani walikamatwa na kutolewa damu kwa amri ya wenye mamlaka. Mombasa inahusika moja kwa moja: mwaka 1947 umati ulikishambulia kituo cha wazimamoto cha mji huu kwa uvumi wa aina hiyo. Neno mumiani lenyewe lilikuja na biashara ya Bahari ya Hindi, asili yake ikiwa Kiajemi, nalo lilitaja dawa nyeusi kama lami. Watu wa pwani wakajiuliza dawa hiyo imetengenezwa kwa nini, na jibu likawa damu ya watu.

Uzuri wa White ni kwamba anakataa kuwaita wasimuliaji wajinga, na anakataa vilevile kuwasafisha kwa kusema kwamba walitumia mafumbo tu. Anayashika maelezo madogo madogo ya hadithi (gari, rangi yake, shimo, ndoo) na kuyafanya ushahidi wa maisha ya kazi na ya mji chini ya ukoloni. Kwa mhakiki wa fasihi hili ni funzo la usomaji wa makini. Ila historia haiwezi kutufanyia kazi yetu yote. Uvumi wa mumiani ulikuwa pia na ufundi wa usimulizi: mahali pa kunyamaza, mtu aliyenusurika, jina la barabara linalotajwa ili msikilizaji ajue kwamba ni hapa hapa. Jini wa kike wa Mombasa, yule mrembo wa barabarani anayegunduliwa kwa kwato zake za punda, naye hutokea daima katika njia ambayo msikilizaji ataipita usiku huo. Ufundi huu wa kutaja mahali ndio ulioingia katika vitabu vya bei nafuu, na haujapata mtu wa kuuandika.

Sanduku

Haya yote yangebaki nadharia lau si sanduku la mjomba. Mjomba alifanya kazi bandarini Kilindini kwa maisha yake yote na alipofariki aliacha sanduku la vitu alivyovikusanya: riwaya kadhaa za Bwana Msa, Simu ya Kifo ya Faraji Katalambulla ya mwaka 1965, vipeperushi vya sinema, kanda za taarab na, chini kabisa, kitabu cha nyota cha hati za Kiarabu, kile kinachojulikana pwani kwa jina la Abu Maashar, ambacho walimu wa falaki hukitumia kumtazamia mtu. Pambizoni mwa kitabu hicho mlikuwa na maandishi ya mkono wa mjomba: majina, siku na saa.

Palitokea mnunuzi. Alikuwa mkusanyaji kutoka ng'ambo aliyeletwa nyumbani na kijana wa duka moja, na alijua alitakalo. Riwaya zenye majalada ya picha alizitaka. Zilizopoteza majalada alizirudisha sandukuni, ijapokuwa ndani zilikuwa kamili. Vipeperushi alivitaka vyote. Kwa Abu Maashar alikuwa tayari kutoa zaidi ya jumla ya vingine vyote. Vijana wa nyumbani, ambao kodi ya nyumba iliwakabili, waliona mlango wa riziki umefunguka.

Aliyekataa ni mama mdogo. Riwaya na karatasi za sinema hazikumshughulisha. Lakini usiku ule kitabu cha nyota kilipotolewa nje ya sanduku, hakulala katika nyumba ile. Alikwenda kulala kwa jirani. Asubuhi alirudi na kusema kwamba kitabu kile hakiuzwi na hakikai, kwa kuwa anayekinunua hununua na kilichomo. Mimi niliomba tukitolee nakala, hata kwa kurasa zile za pambizo tu. Nilieleza thamani yake kwa elimu. Alinisikiliza kwa heshima, kisha akaniuliza kama majina yale yaliyoandikwa na kaka yake ni ya watu waliokubali kusomwa na wanafunzi wangu. Jibu sikuwa nalo. Kitabu kilifungwa katika bafta nyeupe, akaitwa mwalimu mmoja anayekijua, akaondoka nacho. Vipeperushi viliuzwa, kodi ikalipwa. Riwaya zilibaki kwangu, zenye majalada na zisizo nayo.

Nimelifikiria tukio hilo kama mhakiki, si kama mpwa tu. Mbele ya sanduku lile walisimama wasomaji watatu. Mnunuzi aliiamini sura ya kitabu, mimi niliyaamini maneno yake, na mama mdogo aliuamini uwezo wake. Kitabu cha kutisha kimeandikwa kwa ajili ya msomaji wa tatu. Wawili wa kwanza hukisoma kwa usalama wa mbali. Ikiwa tanzu inaishi kwa hofu, basi yeye asiyeweza kulala nayo nyumba moja ndiye aliyeisoma kikamilifu, na uhakiki usio na nafasi ya kumweka utakuwa umehakiki nusu ya matini.

Nani atakuwa Sikujua?

Huenda ikasemwa kwamba ukusanyaji ni jambo la wafanyabiashara, na kwamba fasihi bora hujihifadhi yenyewe. Historia ya mji huu inakanusha. Muyaka bin Haji, mshairi mkuu wa Mombasa, alifariki mwaka 1840. Mashairi yake yalitufikia kwa sababu Mwalimu Sikujua bin Abdallah, aliyefariki mwaka 1890, aliyakusanya kutoka vinywani mwa watu, na mmishenari W. E. Taylor akashirikiana naye kuyaandika. William Hichens akayatoa kama diwani mwaka 1940, miaka mia moja kamili baada ya kifo cha mtunzi. Karatasi za Taylor ziko SOAS, London. Mkono uleule uliookoa ndio uliochukua, na msomi wa Mombasa anayetaka kuyaona maandishi ya mji wake huomba viza kwanza.

Vitabu vya kutisha viko leo mahali mashairi ya Muyaka yalipokuwa kabla ya Sikujua, ila kwa tofauti moja. Ushairi wa Muyaka ulikuwa na heshima, na wazee waliukariri kwa fahari. Kijitabu cha jini hakuna anayekikariri mbele ya wageni. Kinapotea kwa kuonewa haya na wasomi, kwa kuogopwa na wacha Mungu, na kwa kununuliwa na wapenda majalada.

Hitimisho

Napendekeza mambo matatu kwa idara zetu. La kwanza ni orodha. Kila nakala ya kitabu cha kutisha inayopatikana, iwe dukani au nyumbani, iandikwe kwa ukamilifu: mchapishaji, mwaka, jalada, mihuri, bei iliyoandikwa kwa kalamu, na majina ya waliokimiliki pale wenyewe wanaporidhia. Orodha haihitaji kununua. Inahitaji mwanafunzi mwenye daftari na adabu. La pili ni kurekodi usikilizaji. Wazee waliosomewa riwaya hizi barazani wanapungua kila mwaka, na hoja zao hazimo katika maktaba yoyote. La tatu ni gumu zaidi, nalo ni kukubali kwamba baadhi ya matini hazitakusanywa, kwa kuwa wenye nazo wana sababu, na kwamba kukataa kwao ni sehemu ya data, si kizuizi cha data.

Mwanafunzi wa uzamili anayetafuta mada ameipata. Na aanze na riwaya zilizokosa majalada, ambazo hakuna anayezigombea. Rafu yangu iko wazi kwa atakayekuja.